Siku Mzee Shaib Alipouza Kirikuu

Benchi la Mzee Sabiri liko Makorora, Tanga, pembeni mwa barabara ya vumbi, mahali ambapo ukuta wa duka lililofungwa unatoa kivuli mpaka saa tano. Ni ubao mmoja mrefu uliolazwa juu ya matofali, na upande wa kulia, palipopungua matofali, pamewekwa rimu ya gari iliyopinda. Watu watatu hukaa kwa raha, wanne wakibanana. Mzee Sabiri mwenyewe hakai hapo. Anakaa kwenye kigoda chake, dele la kahawa juu ya makaa, vikombe vyake vidogo ndani ya ndoo ya maji. Mimi nakaanga mihogo hatua mbili kutoka kwake, na binti yangu Samiha anachezea vifuniko vya soda juu ya mkeka. Huu mwaka wa tatu nasikia kila linalosemwa pale, wala siulizwi neno. Asubuhi hiyo ya Alhamisi lilikuwa likisemwa jambo moja tu, kirikuu cha Hamad.

– Kimeachiwa, alisema Redio. Hakimu kasema kiachiwe. Mie nimesikia kwa masikio yangu.

– Kimeachiwa kiko wapi? aliuliza Jaji.

– Kiko yadi, Pongwe.

– Basi hakijaachiwa.

– Hakimu kakiachia. Yadi ndiyo haijakiachia.

– Sasa hiyo ni habari ya kutangaza, Redio? Ungesema tu kiko palepale.

Redio jina lake Masoud. Anauza vocha, na kila anayenunua humwachia habari, naye huipeleka mbele ikiwa imenenepa kidogo. Jaji ni Miraji, fundi baiskeli. Aliwahi kuitwa mahakama ya mwanzo kutoa ushahidi wa mbuzi, siku moja tu, na tangu hapo anazungumza kama mtu aliyestaafu kazi ya sheria. Wa tatu, mkubwa wao, ni Mzee Ibrahimu, aliyebeba magunia bandarini mpaka mgongo ukakataa. Yeye tunamwita Mzee Bandari.

Habari yenyewe ilikuwa hivi. Hamad ni Mpemba, anaishi nyumba ya tatu kutoka kwangu. Kirikuu, kile kigari kidogo cha mizigo chenye pua fupi, ndicho kilichokuwa kinamlisha yeye na wanawe wanne. Miezi kumi na minne iliyopita alikodiwa akabebe nazi kutoka Mkwaja. Mwenye mzigo alikuwa ameficha magunia ya mkaa chini ya nazi, mkaa usio na kibali. Kwenye kizuizi maafisa wakapanda juu, wakaondoa nazi safu mbili, ikawa basi. Gari likaenda yadi ya magari yaliyokamatwa, Hamad akarudi kwa miguu. Kesi ikaanza. Mwishowe mwenye mkaa alikiri, akasema dereva hakujua kitu, na hakimu akaamuru gari lirudishwe kwa mwenyewe.

Hamad akaenda Pongwe na karatasi yake ya hakimu. Pale wakafungua kadi ya gari. Jina lililoandikwa lilikuwa Shaib Tahiri.

Kwetu hilo si ajabu. Mtu akinunua gari kwa mtu anayemwamini, wanakaa benchini, kahawa inamiminwa, Fatiha inasomwa, ufunguo unahama mkono mmoja kwenda wa pili. Kadi inabaki na jina lilelile mpaka gari life. Ukikimbilia kubadilisha jina, aliyekuuzia atajiuliza umemwona mtu wa namna gani. Mzee Shaib alimuuzia Hamad kirikuu kwenye benchi hilihili, kisha akarudi kwao Pemba, na mwaka jana alifariki huko. Karatasi ya mauziano haikuandikwa.

Basi Jumatatu hakimu alimwambia Hamad alete watu wawili kabla ya saa nane mchana wa Alhamisi. Mmoja mrithi wa marehemu, aseme hana dai. Wa pili shahidi aliyeyaona mauziano kwa macho yake, aape. Wasipopatikana, kirikuu kitaingia kwenye orodha ya mnada pamoja na magari mengine yasiyo na wenyewe. Jioni ya siku hiyo Hamad alisimama mbele ya benchi, kofia mkononi, akauliza nani alikuwepo siku ile; mambo ya benchi huulizwa benchini. Wote watatu walijibu kwa sauti moja, sote tulikuwepo. Hamad akawaagizia kahawa duru nzima, akaondoka amenyooka mgongo.

Tangu gari likamatwe anasukuma mkokoteni wa maji. Kwangu huleta madumu mawili kila siku. Mvua ikinyesha anavua viatu mlangoni na kuniingizia maji mpaka jikoni, asinichafulie sakafu. Zamani, kirikuu kilipokuwepo, ndicho kilichobeba jeneza la msikiti na wagonjwa wa mtaa, wala hakuomba hata ya mafuta. Samiha alizaliwa saa mbili baada ya mimi kushuka kwenye kirikuu hicho.

Sasa Alhamisi ilikuwa imefika, saa tatu ilikuwa inakwenda saa nne, na mashahidi wa Hamad walikuwa kwenye kikombe cha tatu.

– Nawaambieni hakitoki, alisema Mzee Bandari. Mie nimekaa bandarini miaka ishirini na sita. Mzigo ukikaa mahali siku nyingi unapazoea. Hata ukija na karatasi, mzigo wenyewe hautaki kuondoka.

– Gari halina kutaka, mzee wangu, alisema Jaji.

– Wewe umefanya kazi bandarini?

– Sikufanya.

– Basi nyamaza.

– Tatizo si kuzoea, alidakia Redio. Tatizo injini. Mie nimeambiwa na mtu anayeuza maji pale getini. Injini ya kirikuu imeshatolewa siku nyingi, iko Handeni, inaendesha mashine ya kusaga. Watu wanakula ugali wa kirikuu cha Hamad na hawajui.

– Na kile kinachoonekana pale yadi?

– Bodi tupu. Wameweka jiwe mahali pa injini ili isipeperuke.

Mzee Bandari alicheka mpaka akashika kiuno. Mzee Sabiri alichukua kikombe chake kisimwagike, akamrudishia alipotulia.

– Nyinyi mnacheza, alisema Jaji. Mimi nitawaambia kisheria. Gari likishakaa chini ya serikali mwaka mmoja, linahesabiwa mtumishi. Haliwezi kuachishwa hivihivi. Lazima lipewe kwanza likizo yake, halafu barua.

– Sheria namba ngapi hiyo?

– Sisi mashahidi hatupewi namba.

– Na likizo yake linakwenda wapi?

– Hapo ndipo kesi inapochelewa, alisema Jaji, na uso wake haukuonyesha kama anatania.

Nilikuwa nageuza mihogo wakati mwanamke mmoja alipofika. Alivaa baibui jeusi lililokaukia chumvi ya bahari kwenye pindo, na begi dogo kalikumbatia kifuani. Alisalimia, asalaam alaykum, shikamooni wazee. Wakaitika bila kugeuka, kwa kuwa Redio alikuwa ameshafungua mdomo. Nikampa maji kabla hajaomba. Alikunywa nusu, akaangalia Samiha, akampa iliyobaki. Kisha akakaa kwenye ncha ya mkeka wangu, akaagiza mihogo na kahawa. Mzee Sabiri alimpelekea kikombe mwenyewe, na kashata moja ambayo hakuiagiza. Benchini walimchukulia ni mteja wangu.

– Halafu kuna hawa warithi, alisema Redio. Wanakuja.

– Nani kakwambia?

– Hamad kapiga simu Pemba tangu Jumatatu. Sasa wewe fikiri. Mtu yuko kwake, anachuma karafuu zake, mara anaambiwa baba yako ana gari Tanga kwa jina lake. Atakuja kusema hana dai? Atakuja na dereva!

– Atakuja na madereva wawili, alisema Mzee Bandari. Mmoja wa kwenda, mmoja wa kurudi.

– Kisheria mirathi inakula kila kitu, alisema Jaji. Ingekuwa mimi ndiye mrithi, ningedai na zile nazi.

– Nazi zilishaliwa.

– Ningedai tui lake.

Mwanamke alikuwa anamenya nyuzi kwenye muhogo, taratibu, anazipanga ukingoni mwa sahani. Nilimwona akitabasamu kidogo, akainamisha kichwa.

– Mie nina wasiwasi mwingine, alisema Mzee Bandari, akashusha sauti. Hivi Shaib kafa kweli?

– Haa! Mzee Bandari!

– Nauliza. Nani kati yetu kamzika? Nani kaliona kaburi? Tumeambiwa tu kwa simu. Mie nasema Shaib yuko Maskati. Ana duka. Sasa anataka kirikuu chake kimfuate huko.

– Kirikuu Maskati kibebe nazi gani?

– Kibebe tende.

– Na hakimu anajua?

– Hakimu ndiye anayechelewesha meli isiondoke.

Hapo kikombe cha mwanamke kilitulia hewani, kisha kikashuka bila kufika mdomoni. Mzee Sabiri alikohoa. Ni mtu asiyekohoa ovyo, nami nikamtazama, lakini yeye alikuwa anapuliza makaa.

– Wacheni kumsema marehemu, alisema Redio. Mzee Shaib alikuwa mtu safi. Mie siku ile ya mauziano nilikuwa naye bega kwa bega. Alikaa hapahapa mwisho wa benchi, kavaa kikoi cha kijani, mvua inanyesha, akasema Hamad, chukua.

– Mvua ipi? alisema Jaji. Lilikuwa jua la kupasua kichwa. Na alikaa katikati, mimi kulia kwake. Nilimwambia kabisa, mzee, andikisheni. Akasema Jaji, wewe upo, inatosha.

– Akwambie wewe! Mzee Bandari alipiga goti. Shaib alikaa hapa nilipokaa mie, kwa sababu ndipo pazuri kwa mgongo, na mie ndiye niliyesoma Fatiha. Ilikuwa siku ya mechi ya watani. Nakumbuka kwa kuwa nilikuwa nina hasira.

– Ilikuwa Ramadhani, alisema Redio.

– Ramadhani? Tunakunywa kahawa saa nne asubuhi, Ramadhani?

Redio akafikiri.

– Karibu na Ramadhani.

– Samahanini, wazee wangu, alisema yule mwanamke.

Sauti yake haikuwa kubwa, lakini ilikuwa na lafudhi ya ng'ambo, ya Pemba, na wote watatu waligeuka pamoja.

– Ilikuwa tarehe ngapi?

– Nini? aliuliza Jaji.

– Hiyo siku ya mauziano. Nyote mlikuwepo, alhamdulillahi. Mie nauliza ilikuwa tarehe ngapi.

– Kwani wewe nani, binti? aliuliza Mzee Bandari.

– Mie Wanu. Wanu binti Shaib.

Nilisikia mafuta yangu yakichemka. Redio alitazama kikombe chake kana kwamba habari imeandikwa mle ndani. Mzee Bandari alianza kunyanyuka, mgongo ukamkatalia katikati, akarudi chini.

– Baba yangu tulimzika wenyewe, Wete, Wanu alisema. Si kwa ubaya. Nimejua ni mazungumzo tu. Nimekuja na boti, nimelala kwa shangazi Chumbageni. Kadi ya gari Hamad ameshaipeleka. Hii hapa ni karatasi yetu, ndugu wote tumetia saini na kadhi ameiona, kwamba gari aliliuza baba na sisi hatuna dai. Kaka Hamad yuko mahakamani tangu alfajiri, ameshika nafasi. Karani amesema shahidi lazima aape na tarehe. Hamad awe aliuziwa kabla gari halijakamatwa, si baada yake. Kaka Hamad akaniambia, nenda benchi la Mzee Sabiri, watu wote wako pale, mimi siwezi kutoka kwenye foleni.

Samiha alipanga vifuniko vitatu juu ya goti la Wanu, naye akalinyoosha goti ili visianguke.

– Tarehe, alisema Jaji polepole, ni jambo la kitaalamu.

– Naam, kaka yangu.

– Mimi kwa kweli siku ile nilikuwa nyuma hapo, natia pachi. Mauziano niliyasikia, lakini kwa macho... nisije nikasema uongo mbele ya Kurani.

– Na wewe, kaka? aliuliza Wanu.

– Nilikuwa Muheza, alisema Redio. Nilipewa habari jioni. Lakini nilipewa kamili.

Mzee Bandari alikuwa anasugua magoti.

– Mie nilifika Fatiha imeshasomwa, mwanangu. Nikaitika amina. Amina niliitika kweli.

Wanu akamgeukia Mzee Sabiri. Mzee aliuweka upepeo chini.

– Mie nilikuwepo, mwanangu. Nilimmiminia baba yako vikombe viwili kwa mkono huu. Lakini siku zangu zinafanana zote. Nikiapa tarehe nitakuwa nimebuni, na umri huu sitaki kuanza.

– Hamna neno, baba, alisema Wanu. Alikunja karatasi yake, akairudisha begini, akavuta zipu taratibu sana, kama mtu anayefunga kitu kilicholala. Hamna neno. Mmemkumbuka mzee wangu. Kule nyumbani watafurahi nikiwaambia bado anatajwa.

Hakuwalaumu hata kwa jicho. Nadhani hilo ndilo lililonifungua mdomo.

– Hakukaa, nikasema.

– Nini, Mama Samiha? aliuliza Jaji, na alishangaa kama vile karai lenyewe ndilo lililosema.

– Mzee Shaib. Siku ile hakukaa mwisho wala katikati. Alikuwa amesimama.

– Wewe ulikuwepo?

– Mimi ndiye niliyekuwa nimekaa.

Nikawaeleza, nikigeuza mihogo ili nisiwatazame. Nilikuwa na mimba ya Samiha, miezi saba. Nilitoka kliniki kwa miguu, na miguu imevimba mpaka kamba ya kandambili imezama. Nilipofika hapa sikuweza hata kuwasha jiko. Benchi lilikuwa limejaa, na mimi si mtu wa kukaa benchini. Mzee Shaib akainuka. Akasema, kaa hapa mwanangu, mimi nina neno la dakika mbili tu. Nikakaa kati ya Hamad na mtu mmoja wa kupita. Basi akiwa amesimama akatoa ufunguo, akaunyoosha juu yangu ampe Hamad, na Hamad kwa furaha hakuushika vizuri. Ufunguo ukaniangukia mapajani. Hamad akaona haya kuuchukua. Mzee Shaib akacheka, akasema, mpe wewe mama, litakuja kukubeba. Nikauokota, nikampa Hamad. Ndipo ikasomwa Fatiha.

Mzee Sabiri alikuwa anaitikia kwa kichwa, ndiyo, ndiyo.

– Ufunguo ulikuwa na uzi mwekundu, alisema.

– Uzi aliufunga mama yangu, alisema Wanu.

– Na tarehe? aliuliza Redio. Tarehe, Mama Samiha!

– Tarehe aliandika nesi.

Nyumba yangu iko dakika tatu. Nilikwenda na kurudi mbio, mkono mmoja umeshika khanga. Kadi yangu ya kliniki naiweka kwenye mkebe wa biskuti pamoja na ya Samiha na cheti changu cha darasa la saba. Ina mihuri sita ya mahudhurio. Kwenye wa nne nesi aliandika kwa kalamu ya bluu, miguu imevimba, ameshauriwa kupumzika. Miguu ilinivimba siku hiyo moja tu, siku nyingine zote sikuandikiwa neno. Tarehe tisa, mwezi wa sita, mwaka juzi. Kirikuu kilikamatwa mwaka uliofuata.

Wanu aliisoma kadi kwa kidole, mstari kwa mstari, kisha akaishika kwa mikono miwili.

– Utakwenda, dada?

Mimi mahakama nilikuwa naijua kwa ukuta wake wa nje. Nilitazama karai, lilikuwa na mihogo ya kukaanga mpaka mchana. Nilimtazama Samiha.

– Ukiulizwa, sema ndiyo mheshimiwa, alisema Jaji. Usiseme ndiyo peke yake. Na usiegemee kitu.

– Na usitaje mechi, alisema Mzee Bandari.

Mzee Sabiri alisogeza kigoda chake hatua mbili, akachukua mwiko wangu wa matundu, akaanza kugeuza mihogo. Wanu akambeba Samiha. Tukapanda bajaji, na njiani nikamsimulia habari ya Redio, ya injini iliyoko Handeni.

Hamad alikuwa amesimama kwenye korido ya mahakama, wa pili kutoka mlangoni, shati lake la Ijumaa limeloa mgongoni. Alipomwona Wanu aliangalia nyuma yake, amtafute Jaji au Mzee Bandari, kisha akaniona mimi. Nikamwonyesha kadi. Akageuka ukutani, akakaa hivyo kidogo, akageuka tena.

Karani alikuwa kijana mwenye miwani, si mkali. Aliniapisha, akaanza kuandika.

– Wewe ulikuwa nani katika mauziano hayo? Dalali?

– Hapana, mheshimiwa.

– Ndugu?

– Hapana, mheshimiwa.

– Basi ulikuwa nani?

– Nilikuwa nimekaa, mheshimiwa. Aliyeuza alinipisha.

Aliinua kalamu, akanitazama, akaitazama kadi ya kliniki na maneno ya nesi. Akaandika. Aliponisomea, ilisema hivi, shahidi alikuwa ameketi kwa sababu ya ujauzito, muuzaji alikuwa amesimama, ufunguo ulipita kwa shahidi. Nikatia saini. Saa ya ukutani ilionyesha saa saba na dakika ishirini. Hakimu alipitisha kabla ya saa nane, na Hamad akatoka na karatasi mpya yenye muhuri uliokuwa bado haujakauka, ameishika kwa ncha za vidole.

– Kesho maji nakuletea kwa gari, aliniambia.

– Sina haraka nayo, nikasema. Kwanza kaone kama kuna injini.

Hakuelewa kwa nini Wanu alicheka. Wakaondoka wawili, kwenda Pongwe.

Mimi nilirudi na Samiha amelala begani. Kivuli cha ukuta kilikuwa kimeshahama kitambo, na benchi wamelibeba upande wa pili wa barabara, na rimu yake. Mihogo nusu ilikuwa imeungua, na nusu iliyopona Mzee Sabiri alikuwa ameifunika kwa gazeti kwenye sahani, akaandika juu yake jina la Samiha kwa mkaa. Mbele ya benchi walisimama vijana wawili waliokuja kununua vocha, wanasikiliza.

– Alisimama! Redio alikuwa anasema. Mzee Shaib alisimama wima, kama askari. Mie nimeona.

– Alisimama kwa sababu nilimwambia, alisema Jaji. Nilimwambia, mzee, kisheria mwenye mimba hapishwi kwa maneno, anapishwa kwa kiti.

– Mie ndiye niliyemshika mkono ainuke, alisema Mzee Bandari. Na mgongo huu huu.

Nilisimama pale na mtoto begani nikingoja wamalize, nipate kuuliza mwiko wangu uko wapi. Hawakumaliza. Walikuwa wamekaa wote watatu, kwa raha.

Mzee Sabiri alilipindua dele. Kilitoka kikombe kimoja, tena hakikujaa.

– Kahawa imekwisha, akawaambia.

Kikombe hicho alinipa mimi. Kisha akainuka, akakipangusa kigoda chake kwa mkono, akakisukuma upande wangu.